Mwezi wa Nane Nilipokuwa Yatima

Mzee Chande aliapa kwamba siku nitakayopata cheti cha chuo, yeye atanyoa ndevu zake hadharani. Wengine pale Mikindani walisema nitarudi na begi tupu na maneno mengi. Leo stashahada yangu ya upigaji picha imetundikwa ukutani katika studio yangu, Likombe, mjini Mtwara, ndani ya fremu niliyoipigilia misumari mwenyewe. Mzee Chande hupita na ndevu zake zilezile, akitazama upande wa pili wa barabara. Maneno ya kutundikwa ninayo pia, nayo si machache.

Lakini kilichonipeleka chuoni si ubishi wa mzee yule. Ni kitabu kilicho kwenye droo yangu ya chini. Nikiifungua droo hiyo, inatoka harufu ya karatasi nzito iliyowahi kulowa mvua ikakauka, na gundi iliyochachuka kidogo kama togwa la juzi. Harufu hiyo ikinifikia, mkono wangu wa kulia naushikilia usipande shavuni.

Kitabu kililetwa na Mjerumani mmoja nilipokuwa darasa la tatu. Alivaa kofia pana asiyoivua hata akila, ndiyo maana tukamwita Bwana Kofia. Alifikia kwa mwalimu wetu, Mwalimu Komba, mtu wa bara aliyejifunza Kijerumani kidogo kwa masista. Alasiri moja walikuja barazani kwetu, na mgeni akatufungulia kitabu. Kilikuwa cha watoto, alisema, cha kuwafunza adabu. Ukurasa wa kwanza ulikuwa na mvulana asiyetaka kuoga. Nyasi zilikuwa zimemwota masikioni na mbuzi anazila. Wa pili ulikuwa na msichana mdokozi, mfuniko wa chungu umemganda usoni, hapumui. Wa tatu sikuumaliza. Bata alikuwa akivuta ulimi wa mtoto mwongo, na ulimi ulikuwa mrefu kama ukambaa.

Mama alikuwa hatua tatu kutoka kwangu, akibangua korosho. Mikono yake alikuwa ameipaka majivu ili mafuta ya maganda yasimchome, ingawa yalikuwa yameshamchoma miaka mingi na vidole vyake vilikuwa vyeusi kwenye ncha. Alichungulia, akacheka.

"Na sie tunawatisha watoto," alisema. "Ila tunawatisha kwa mdomo, neno likipita limepita. Hawa wenzetu wanalibandika lisiondoke!"

Mwalimu Komba hakulitafsiri hilo.

Kisha Bwana Kofia akatoa kamera. Alinitazama mimi kati ya watoto wote, na sitasema uongo, nilijiona nimechaguliwa kwa uzuri wangu. Alinivua shati langu la Idi. Alinitoa barazani akaniketisha mbele ya gofu la jirani, lile lenye mtini umeota ukutani. Mama alisogea ukingoni mwa baraza kutazama, na mgeni akamwonyesha kwa kiganja: pisha, pisha. Mama akapisha, bado anacheka. Halafu mgeni akauchukua mkono wangu wa kulia akauweka shavuni, kichwa akakiinamisha.

Nilijua ni vibaya. Bibi yangu alikuwa akitupiga vidole kila alipotuona tumeshika tama, yaani tumeegemeza shavu kwenye kiganja kama wafiwa. "Mshika tama huita msiba," alikuwa akisema. "Unamwita nani, wewe?" Lakini mgeni alikuwa ameshaniwekea kitabu mapajani, kiwe changu. Nikaushikilia mkono palepale mpaka kamera iliposema *kacha*.

Miezi ikapita. Shuleni kikafika kifurushi cha shukrani kutoka Ujerumani, na ndani yake mlikuwa na kalenda. Mwezi wa nane nilikuwa mimi. Darasa zima lilipiga kelele na mimi nikatembea kama mbunge. Mwalimu Komba peke yake hakufurahi. Alisoma maneno ya chini ya picha mara mbili, akaikunja kalenda, akaja nayo mwenyewe hadi nyumbani.

"Imeandikwa nini, Mwalimu?" Mama aliuliza.

"Imeandikwa... mtoto huyu ni yatima. Mama yake amefariki, nani atamlisha?"

Mama aliweka chini jiwe la kubangulia. "Nimekufa lini? Na matangani kwangu mlikula nini?"

Watu waliangua kicheko. Kwa wiki mbili mtaa mzima ulipata mchezo. Bi Esha, jirani yetu wa ukuta kwa ukuta, alikuwa akiita asubuhi, "Marehemu, umeamkaje? Una chumvi?" Na Mama alikuwa akijibu, "Ipo, mwenzangu, huku ahera hatuli sana." Wahenga husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Wetu alikuja, mwenyeji akafa.

Bibi peke yake hakucheka. Alisema aliye hai akiandikwa amekufa, mauti huja kuulizia. Wiki ya tatu Mama akashikwa na homa. Alilala siku nne, midomo imepauka, na utani wa Bi Esha ukakoma. Mimi nilijificha nyuma ya choo na kile kitabu, nikijua mtoto wa ukurasa unaofuata ni nani. Niliyeshika tama ni mimi. Niliyeuita msiba ni mimi, kwa malipo ya karatasi.

Siku ya tano Mama aliinuka, akaomba uji, akamaliza bakuli mbili. Kisha akasema, "Tunakwenda Mtwara kupiga picha. Wanione."

Hatukuwa na nguo ya kuonekana Ujerumani, basi majirani wakatuazima. Bi Esha alitoa doti ya kanga aliyokuwa akiitunzia harusi. Mama Jasinta, ambaye wazee wake walivuka Ruvuma kutoka Msumbiji, alitoa viatu vya mwanawe Zhuao, nikavijaza matambara mbele. Mzee Chande, ndiyo, huyuhuyu, alivua saa yake mkononi akamvisha Mama, akasema, "Maiti havai saa. Wataelewa." Studioni tulisimama wima, hatukupumua. Mama alificha vidole vyake ndani ya kanga. Mwalimu Komba akaandika barua: huyu ndiye mama, yu hai, tafadhali sahihisheni.

Jibu lilikuja na bunda la nguo. Mwalimu alilisoma polepole kuliko kawaida. Walishukuru kwa picha nzuri. Walifurahi sana kuona kwamba yatima wao amepata mama wa kumlea.

Barazani hakucheka mtu. Mama alisema tu, "Haya. Nimekufa kabisa." Akarudi kwenye korosho zake.

Nilibeba neno hilo hadi chuoni. Siku moja mkufunzi alitandaza picha za Wajerumani wa zamani: mtawala ameinama kupokea maua kwa mtoto, umati unameremeta, na nyingine za enzi za ukoloni, wapagazi wamepangwa mbele ya boma, chini imeandikwa kwamba wanafurahia kazi. Wenzangu walisifu mwanga. Mimi nilinyoosha mkono nikauliza, "Nani aliambiwa apishe?" Mkufunzi aliliandika swali langu ubaoni, na nimeambiwa mpaka leo anawauliza wanafunzi wake. Niliongoza darasa. Sioni kwa nini nisiseme.

Mtoto niliyekuwa hakulielewa hilo. Alidhani mkono wake ndio uliomwua mama yake. Mkubwa ndiye aliyejua kwamba nilipewa kitabu kimoja cha vitisho nikatiwa katika kingine. Mahali fulani Ujerumani mtoto asiyemaliza chakula chake alionyeshwa mwezi wa nane, akaambiwa, mtazame huyu. Na nilijua jambo jingine lisilonipendeza: hata picha yetu ya kujitetea ilikuwa ya vitu vya watu, na vidole vya kweli vilifichwa. Ndiyo maana siamini picha, hata ninazozipiga mwenyewe, mpaka niwe nimezunguka nyuma ya kamera kuona nani amesimama huko.

Niliporudi, kabla sijafungua studio kwa wateja, niliwalipa wote waliotuazima. Nilikwenda Mikindani na kamera, nikampiga kila mmoja picha alivyotaka mwenyewe. Bi Esha alijifunga kanga ileile, imefifia. Zhuao, sasa baba wa watoto wanne, alitaka apigwe pekupeku, akidai viatu bado ninavyo mimi. Mzee Chande alinyoosha mkono wenye saa mbele ya ndevu zake, akanionya, "Usizikate hizo!"

Mama alikuja mwisho. Nilimwambia akae popote. Akaketi barazani, palepale alipoambiwa apishe, mikono juu ya mapaja, vidole vyote vyeusi vikionekana.

Nilipomletea picha iliyosafishwa aliigeuza nyuma, akageuza tena mbele. "Na hapa chini unaandika nini?"

"Sitaandika mimi, Mama."

Nikampa kalamu. Alijifunza kuandika ukubwani, na herufi zake hupanda mlima. Alichukua muda. Mzee Chande alikuwa amesimama nyuma yake, akisoma kwa sauti kila herufi ilivyotoka, mpaka neno likatimia:

"Nipo."