Viondo vya Jumamosi

Ndugu yangu alipotoka jela alikuwa na barua moja mkononi, na barua hiyo ilisema anajua kusuka viondo.

Kwetu kiondo, kile kikapu cha kamba, husukwa na mwanamke. Hujifunza akiwa msichana, na akishakuwa mtu mzima husuka hata akitembea, kuni mgongoni. Mwanamume hasuki, wala hapakuwa na mtu wa kununua viondo Ruiru, kwa kuwa kila nyumba ilijisukia. Lakini kamati ya kuwasaidia wafungwa, iliyoandika barua hiyo, haikuuliza. Ilikuwa na akina mama wanne wa Kizungu kutoka Thika, pamoja na mke wa mchungaji wetu, ambaye aliijua desturi hiyo kuliko mimi na akanyamaza, maana mikutano ilikuwa na chai na keki. Kila Jumamosi alasiri waliingia jela na mafungu ya katani, wakawaketisha wanaume wazima chini na kuwafundisha kazi ya kujitegemea. Wao wenyewe walikuwa wamejifunza kwenye kijitabu.

Mimi ndiye mkubwa wa nyumba yetu. Wazazi walipofariki niliacha shule nikiwa darasa la tatu, nikaenda kuchuma kahawa, nikawalea wadogo zangu watatu. Huyu alikamatwa Thika bila pasi ya kutembea, miaka ile ya Hali ya Hatari, siku niliyomtuma unga. Sasa alikuwa amepewa siku kumi na nne apate mwajiri wa kutia sahihi pasi yake. Asipompata, angerudishwa ndani.

Tulianza kwa karani wa shamba nilikochuma. Aliisoma barua, kisha akaisoma tena kwa sauti ili wachumaji wasikie.

"Huyu nimweke wapi? Kwenye mstari wa akina mama?"

"Mweke karibu nami," mwanamke mmoja akasema. "Kiondo changu kimetoboka."

Walicheka mpaka wakaacha kuchuma. Ndugu yangu alitazama vidole vya miguu yake.

Tukirudi nyumbani Gitothua nikamwuliza, "Na siku zisizo Jumamosi, mlikuwa mkifanya nini?"

"Kuchonga mawe, dada. Mwaka mzima na zaidi. Nyumba za maaskari ni mawe yetu."

Kesho yake nikaenda Thika kumwomba mwenyekiti wa kamati aandike hilo neno moja, mawe. Memsahibu alinipokea barazani, mke wa mchungaji akatafsiri.

"Anasema hawajamwona akichonga. Wamemwona akisuka."

"Wao huja Jumamosi, mama. Mawe huchongwa siku nyingine."

"Anasema mawe ni adhabu. Kusuka ndiko kazi."

"Mwambie basi kwamba kwetu mwanamume hasuki."

"Hilo siwezi kumwambia," akanijibu kwa Kikuyu, huku akimtabasamia memsahibu. "Wafungwa wamesuka mwaka mzima mbele yangu. Leo niseme nini?"

Nikapewa kipande cha keki nikaagwa. Nilikila njiani kwa njaa, na kilikuwa kitamu, jambo lililoniudhi zaidi.

Zilipobaki siku tatu nilimpeleka kwenye machimbo ya mawe upande wa Murera, bila barua. Msimamizi hakutaka maneno mengi. Alimpa nyundo na tindo, akamwonyesha jiwe, akaenda kunywa uji. Aliporudi akaweka kipimo chake kwenye pembe ya jiwe, akakigeuza, akakiweka tena.

"Ulijifunza wapi?"

"Jela, mzee."

"Wa jela hawachelewi kuamka," akasema, akatia sahihi pasi.

Jumapili, mke wa mchungaji alitangaza kanisani kwamba kamati imempatia mfungwa wake wa kwanza kazi. Memsahibu wawili walikuwa kwenye benchi la mbele. Akaniita nisimame niwashukuru. Nikabaki nimekaa.

"Dada, simama," ndugu yangu akaninong'oneza.

"Kwa lipi? Wamekupa nini hawa?"

"Wenzangu wawili bado wako ndani. Wenye barua ya kamati ndio wanaoachiliwa mapema. Ukiwaaibisha, hawataandika nyingine."

Nikasimama. Nikasema "Asante," nikaketi. Mke wa mchungaji akageukia benchi la mbele, akalitafsiri neno hilo kwa muda mrefu sana.