Mbuzi Mawe wa Juu ya Musaga

Kabla vita havijamsukuma mjini, Pontien alikuwa mvunja mawe katika milima iliyo juu ya Musaga, mtaa wa ukingoni mwa mji. Kazi yenyewe ni nyundo, jua na vumbi la kumkausha mtu mapafu, na majirani zake wa kudumu huko walikuwa wanyama. Mbuzi mawe si mbuzi. Ni paa mdogo, hamfiki mtu kiunoni, anayesimama kwa ncha za kwato utadhani anaogopa kuchafua miguu. Bondeni hakai, msituni hakai. Mpe jabali lenye nyufa na vichaka vya kutafuna, hatakuomba kitu kingine, hata maji.

Pontien aliwajua wawili, dume na jike. Mmoja akila, mwenziwe hulinda zamu. Wakiona mtu hupiga mluzi wa puani, kisha hao, wamepotea. Kadiri wavunja mawe walivyolimega jabali, ndivyo wale wawili walivyozidi kupanda, lakini mlima hawakuuhama. Milima ya jirani ilikuwa imebaki mitupu, wanyama wake wamemalizwa na mbwa wa wawindaji. Basi wavunja mawe walikuwa na desturi yao: asubuhi, kabla ya kuvuka korongo lililo chini ya jabali, hutazama juu kwanza. Mbuzi mawe akiwa anakula kwa utulivu, huko hakuna mtu, hata mwizi wa nyundo, na unaweza kupanda.

Vita vilipopamba moto, wapiganaji wakachukua milima, wanajeshi wakachukua barabara, na watu kama Pontien wakachukua kilichobaki, yaani chumba kimoja cha kupanga Musaga. Mihogo yao ilibaki juu. Njaa ilipozidi, mkewe Epiphanie akasema hawezi kufa na huku mihogo aliyoipanda kwa mikono yake inaoza ardhini.

Wakaenda, asubuhi moja ya mwaka 2000. Ukingoni mwa korongo Pontien akasimama, akatazama. Wote wawili walikuwa juu ya jabali, jike anatafuna, dume yuko zamu. Mluzi haukusikika. Moyo wake ukatulia, maskini, hata akatabasamu.

"Twende," akamwambia mkewe. "Mutu apana kule juu. Bangekuwa kule, ile mbuzi ingekimbia."

Risasi zilitoka nyuma ya jabali lilelile. Pontien aliporomoka korongoni akavunjika mkono. Epiphanie, aliyekuwa ametangulia na kikapu chake, hakuinuka tena. Kutoka pale chini Pontien aliwaona mbuzi mawe wakiruka kando kidogo, na kishindo kilipokwisha wakarudi kula.

Alichukua muda kuelewa, na alipoelewa aliona afadhali asingeelewa. Wapiganaji walikuwa wamelala pale miezi na miezi, bila kuthubutu kufyatua risasi kwa ajili ya nyama, maana mlio ungewaita wanajeshi. Wawindaji na mbwa wao walikimbia zamani. Wanyama wakawazoea wageni wao, kwani wangefanya nini, na jabali ndilo hilo moja? Yeye aliyejua hata kichaka wanachokipenda hakuliwaza hilo. Akampeleka mke wake kwa mkono wake mwenyewe.

Mkono uliunga vibaya. Nyundo hakuishika tena. Alishinda mlangoni akiupa mlima mgongo, akila alicholetewa na Consolée, mdogo wake Epiphanie, mjane kama Pontien mwenyewe na mwenye watoto.

Mwaka uliofuata Consolée naye akaja na jembe begani. Alimwomba amsindikize hadi korongoni amtazamie mbuzi mawe. Pontien akakataa, akamsimulia yote upya, akamsihi. Lakini hakuwa na hata konzi ya unga ya kumpa badala ya maneno, na wote wawili walilijua hilo. Mwishoni akamfuata, maana asingeweza kumwacha aende peke yake.

Juu ya jabali alikuwako dume tu. Jike hakuonekana. Kama wapiganaji wameanza kutega mitego, ambayo haina mlio, na jike amenaswa, basi dume angewaogopa watu tena, na utulivu wake ungekuwa na maana. Kama jike amekufa kwa maradhi, usingekuwa na maana yoyote. Pontien alitazama mpaka macho yakamwuma.

"Inakula?" Consolée akauliza.

"Inakula."

"Basi niende, shemeji?"

"Mi sijui. Zamani nilijua."

Consolée akafunga kitenge vizuri kiunoni. "Batoto balilala na njaa," akasema, akashuka.

Pontien alibaki ukingoni. Alimtazama akianza kupanda ng'ambo ya pili, kisha akashindwa kumtazama. Akamkazia macho yule dume, akimwomba kama mtu anavyomwomba Mungu, amwone Consolée apige mluzi, ijulikane kwamba bado anawaogopa watu. Dume akainamisha kichwa, akaendelea kutafuna.