Chakula Kilichopelekwa Tanurini

Niliondoka Dar es Salaam kwa sababu ya kurasa nne. Nilikuwa nafasiri kwa Kiingereza riwaya ya Kifaransa, kitabu changu cha kwanza. Kifaransa nilikipata kwa watawa huko Katanga, baba alipokuwa akifanya kazi mgodini. Mwandishi alikuwa Mkongo mwenye mama Mfipa, naye alikwisha kufariki, hivyo sikuwa na wa kumwuliza. Katika kurasa hizo mke anampelekea mumewe chakula porini, kwenye tanuri la Wafipa la kuyeyushia chuma. Niliipenda sura hiyo kuliko zote, na mhariri wangu aliisifu. Shida ilikuwa tanuri lenyewe. Sikuwahi kuliona, na maelezo yangu yalikuwa ya kubahatisha. Mswada ulitakiwa mwisho wa mwezi.

Treni ilinishusha Tunduma alfajiri. Kutoka hapo nilipata lori lililokuwa likifuata mahindi, nikakaa juu ya magunia matupu. Baada ya Laela upepo wa Ufipa ulinipiga hadi nikajifunika gunia kichwani, na msomi mimi nikaingia mjini nikiwa mwekundu kwa vumbi.

Sumbawanga nilifikia Majengo, kwa mama mdogo, Mama Tusa, aliyetoka Mbeya kuja kufanya biashara. Alinipikia samaki, migebuka ya Kipili, akataka kujua nimefuata nini.

“Kwa hiyo unachukua kwa mkoloni huyu unampelekea yule,” akasema. “Na sisi tutasoma lini?”

Nikamega ugali.

Kesho yake, nikiwa na barua ya chama, nilifika kijiji kipya cha ujamaa. Mwalimu mkuu, Mwalimu Valeri, alinipeleka kwa Bibi Anastazia, mjane wa mhunzi. Nyumba yake ilikuwa bado inanuka udongo mbichi. Alihamishiwa hapo msimu uliopita. Tanuri lilikuwa limebaki kwenye mahame yao, mwendo wa saa nzima.

“Shikamoo, bibi. Utuelekeze tu, tutafika.”

“Marahaba, mjukuu wangu. Kwangu sielekezi. Napeleka.”

Saa nne tulifika. Tanuri, ilungu kwa Kifipa, lilisimama katikati ya nyasi, refu kunizidi karibu mara mbili, udongo wa kichuguu, matundu ya hewa yakilizunguka chini. Nilipima, nikachora, nikaona kazi yangu imekwisha. Ndipo, kwa shukrani tu, nikamsomea bibi ile sura kwa Kiswahili, mwalimu akisaidia kwa Kifipa. Hakuniacha nifike mbali.

“Mkewe kaja hapa? Moto unawaka?”

“Ndiyo, bibi. Anampenda.”

Mwalimu akatazama pembeni.

“Mjukuu wangu,” akasema bibi, “siku hizo mke wao lilikuwa hili. Walilipamba kama bibi harusi. Wanaume walilala hukuhuku, wake hawaguswi. Mke akikanyaga hapa chuma hakitoki, na hakuna mwanamke asiyelijua hilo. Huyo alikuja kuharibu.”

Niliona aibu, acha kabisa. Kitabuni, mke anapofika, wanaume wanaofanya kazi na mumewe wanaacha mkaa na kusimama wote. Mimi niliwafanya wasimame kwa heshima! Kila neno la Kifaransa nilikuwa nalijua. Sikujua tu kwamba majuma ya kazi ya watu wale yalikuwa yameharibika mbele ya macho yangu.

“Mume akafanyaje?” bibi akauliza.

“Alikula.”

“Chote?”

Nikafungua kitabu kuhakikisha. “Chote, bibi. Sura inaishia hapo.”

Akaweka kiganja kwenye ule udongo. “Mimi pia nilileta chakula. Nilikuwa binti, nimechoka kulala peke yangu. Wangu alikimwaga.” Akapangusa vumbi la kiganjani. “Huyo wa kitabuni alisamehewa.”

Mwalimu akaniambia tukiwa njiani kwamba hakupata kumsikia akilisema jambo hilo.

Safari ya kurudi, treni nzima, niliandika juu ya magoti. Nilifuta “kwa upole”, nikafuta “akitabasamu”, nikafuta “kwa mapenzi”. Mwandishi hakuwa ameandika hata moja. Wale wanaume wakasimama bila heshima yangu, na mwisho nikaacha sentensi yake fupi: mume akala. Mhariri alinuna, akasema ya kwanza ilikuwa tamu zaidi. Nikamwambia ndiyo maana haikufaa, tukachelewa siku tisa.

Kuuliza si ujinga, husema watu. Mimi nilijifunza kuuliza hasa pale ninapodhani naelewa, na tangu hapo sijatoa kitabu bila kumtafuta mtu aliyeifanya kazi inayosimuliwa humo. Kwa hilo namshukuru Bibi Anastazia kuliko walimu wangu wote.

Kitabu kilipotoka nilimpelekea nakala, ingawa Kiingereza hajui. Mwalimu Valeri aliniandikia kwamba bibi alimwomba amwonyeshe mahali mume anapokula, kisha akaukunja pembe ukurasa ule, akakiweka kitabu pamoja na rozari yake.