Ile Haikuwa Sikukuu

Dada yangu mkubwa, yaya Edith, hajawahi kumwogopa mtu mwenye mikrofoni. Ana miaka sabini na sita, goti bovu, na mdomo ambao marehemu mume wake aliukimbia mara mbili, na mara mbili akarudi mwenyewe.

Baba yetu Léonard alikuwa anaonyesha sinema katika kambi ya wachimbaji. Alipofariki alituachia filamu moja, iliyopigwa palepale kambini na padri wa parokia. Wengine wangeitupa. Yaya aliitunza miaka arobaini: kila kiangazi anafungua kopo lake, ananusa kama imeanza kutoa harufu ya siki, dalili ya filamu kuharibika, anaiacha ipigwe upepo kivulini, anairudisha juu ya kabati, mbali na jiko. Sisi tulimcheka. Shauri yetu!

Mwaka jana akaja Faustin, kijana mwenye adabu aliyekulia Ubelgiji, akitengeneza filamu ya historia ya kambi. Yaya akampa kopo bila kumweleza kitu. Amweleze nini? Kwetu nani asiyejua kilio akikiona? Hapo ndipo tulipokosea.

Siku ya kuonyesha, kule chuo kikuu, Kasapa, ukumbi ulijaa. Kwenye pazia la sinema akatokea mtoto wa kike, kavaa koti la mtu mzima na kofia ya mgodini, anachechemea, watu wanacheka mpaka wanajishika mbavu. Sauti ya Faustin ikasema: "Wafanyakazi wakishangilia sikukuu ya kampuni."

Sikukuu! Kile kilikuwa kilio cha babu yetu Kalaba, aliyeangukiwa na jiwe mgodini. Kwetu mzee akifa, wajukuu huvaa nguo zake, huiga mwendo wake, huwatania wafiwa mpaka wacheke. Ndiyo heshima yake ya mwisho.

Yaya aliinuka, akaburuta goti lake mpaka mbele ya pazia. Picha ikamwangukia kwenye kitenge.

"Simamisha!"

"Samahani, mama," Faustin akasema, "kazi imekwisha. Kesho filamu inaenda Ulaya."

"Basi itaenda na miye hapa mbele. Sitoki."

Profesa mmoja wa safu ya kwanza akamwomba aketi, watazungumza baadaye.

"Ikala weye, papa!" Yaya akamwambia akae yeye. "Ule muntu iko babu yako?"

Watu wa kambi wakapiga makofi. Faustin aliona hatoki kweli. Akazima sauti, akarudisha picha nyuma, akampa mikrofoni. Yaya akataja majina ya waliokuwa pale, mmoja mmoja, mpaka picha ikamfikia mtoto wa koti.

"Huyu ni miye. Nilichekesha bantu, maana ni kazi ya mujukulu. Ndani ya koti nilikuwa nalia."

Akamgeukia Faustin.

"Babu hakushangilia kitu. Alikufa. Andika vile: alikufa."