Shuka Jekundu la Ashlode

Mama Tuckett, mkunga wa kijiji cha Ashlode, alizaliwa msichana wa saba kwao, na baba yake alipoambiwa akavaa kofia akaenda zake kulima. Hakuja hata kuchungulia, jamani! Jambo hilo lilimkaa rohoni maisha yake yote, ingawa alikuwa mwanamke wa kucheka mpaka mbavu zinamuuma. Kila mtoto aliyempokea alimkaribisha kwa vigelegele, awe wa kiume awe wa kike.

Sasa pale Ashlode alikuwapo Baroni, bwana mkubwa mwenye ardhi ya kijiji, na cheo chake kilirithiwa na mtoto wa kiume tu. Baroni Everard hakuwa na kaka wala binamu. Asipopata mvulana, cheo kinazikwa naye. Na desturi ilikuwa hivi: akizaliwa mrithi, mkunga anatundika shuka jekundu dirishani, kengele za kanisa zinalia, na pipa la pombe ya matufaha linafunguliwa kwa kijiji kizima. Akizaliwa msichana, dirisha linafungwa na watu wanarudi makwao.

Basi mke wa Baroni, mvi zimeshaanza na tamaa imeshakatika, akashika mimba. Weee! Kijiji kiliingiwa na wazimu. Siku ya uchungu wapiga kengele walishika kamba tangu asubuhi, na Amos Luscombe mwenye baa alikalia pipa lenyewe uani kwa Baroni, asije mtu akamtangulia.

Mtoto akatoka. Msichana! Akapiga ukelele wa kutikisa vikombe, akamkamata Mama Tuckett pua, hataki kuiachia. Mama Tuckett akacheka, mara machozi yakamtoka, maana alimkumbuka baba yake na kofia yake.

"Huyu hafungiwi dirisha," akasema.

Nyumba aliyokaa ilikuwa ya Baroni. Neno moja tu la hasira, angelala barabarani uzeeni. Alilijua hilo vizuri. Akatundika shuka.

Kengele zikalipuka! Mchungaji akacheza na muuza nyama, watu wakakumbatiana na majirani waliokuwa hawasalimiani, pipa likafunguliwa. Baroni akapanda ngazi mbiombio, akafunua kitambaa, akatazama. Akatazama tena.

"Mama Tuckett, huyu ni msichana."

"Nimeona, Mheshimiwa."

"Na lile shuka?"

"Si hutundikwa akija mtu wa kushangiliwa? Mbebe kwanza, halafu unifukuze."

Baroni akambeba. Mtoto akamshika sharubu, akavuta kwa nguvu zake zote. "Aaah! Niachie, wewe!" akalia Baroni, huku anacheka hovyo, uso umemwiva. Akatoa kichwa dirishani pamoja na mtoto wake.

"Ni msichana!" akapaza sauti.

Kengele zikakatika. Amos, kikombe mdomoni, akauliza kwa unyonge, "Kwa hiyo, Mheshimiwa, pombe tuirudishe pipani?"

"Anza kurudisha uliyokwisha kuimeza, Amos! Wengine wote, kunyweni! Anaitwa Rosamund!"

Walicheza mpaka viatu vya mchungaji vikapotea, na havijaonekana hadi leo.

Rosamund alikua, na Baroni alipofariki cheo kikafa naye. Mwaka uliofuata, siku ya kuzaliwa ya Mama Tuckett, siku ambayo hakuna aliyewahi kuisherehekea, bibi huyo alikuwa anamenya viazi aliposikia kengele zote za kanisa zinalia kwa pamoja. Akatoka mbio na aproni yake.

"Kuna nini? Kazaliwa nani, na mimi sijaitwa?"

Dirishani pake mwenyewe palining'inia shuka jekundu. Chini yake alikaa Rosamund juu ya pipa, na kijiji kizima nyuma yake.

"Umezaliwa wewe, Mama," akasema. "Tumechelewa kidogo tu."

Mama Tuckett akaketi palepale kizingitini, kiazi mkononi, akaangua kilio kikubwa cha mtoto mchanga, na watu wote wakampigia vigelegele.