Mke wa Mwalimu Hakurudi

Champa alizaliwa Moshi, katika nyumba ya Wagujarati wenye duka la vitambaa. Mumewe, Nirupam, alizaliwa Tabora, mtoto wa karani Mbengali wa reli. Lugha za kwao hazikusikilizana, basi walichumbiana kwa Kiswahili, na kwa Kiswahili wakaishi Stanmore, London, miaka arobaini na tatu.

Jumapili mchana walitazama filamu za Kibengali. Nirupam alimtafsiria mkewe huku akimenya machungwa. Champa aliipenda zaidi ile ya mke wa mwalimu, ambaye siku moja anaacha barua mezani na kupanda treni. Kwa maelezo ya Nirupam, barua ilisema anakwenda kumuuguza mama yake na atarudi baada ya mavuno.

Mwaka jana Nirupam alilazwa wiki moja kwa upasuaji wa nyonga. Nishma, binti wa dada yake Champa, akaja kushinda na mama yake mdogo. Aliitafuta filamu ile mtandaoni, nayo ikaja na maandishi ya Kiingereza chini ya picha. Champa akaisoma barua. Mke alikuwa amechoka kuishi na mtu asiyemwona, na alimwomba mumewe asimtafute. Filamu ikaisha bila yeye kurudi.

Hospitalini Champa hakugusia jambo hilo. Alingoja mumewe arudi nyumbani, akae, amalize chai.

“Mzee, yule mwanamke hakurudi.”

Nirupam hakujifanya hajaelewa. Alisema waliitazama mara ya kwanza mwaka ule waliomzika mtoto wao, na Champa alikuwa kila wiki anapanga nguo kwenye sanduku, kisha anazitoa.

“Niliogopa ungemfuata,” alisema.

Champa akamwambia kwamba siku zile tiketi ya kwenda kwa dada yake Leicester alikuwa nayo kwenye mkoba, na filamu haikuhusika kwa lolote.

“Nilibaki kwa sababu usingeweza kwenda kaburini peke yako.”

Jumapili iliyofuata alimtaka atafsiri upya, bila kuongeza kitu. Nirupam alianza vizuri; alipofika kwenye barua akachukua chungwa akaanza kulimenya, Champa akammalizia kwa kusoma maandishi. Baadaye Nirupam alikiri kwamba alizibadilisha filamu nyingine tano. Wamekwisha kuzitazama zote upya, kwa maandishi. Katika mbili kati ya hizo, Champa anasema, hadithi za Nirupam zilikuwa nzuri zaidi.