Wiki Tatu za Mzee Gurdial

Mama Haika alinipa sufuria yake kubwa mwezi wa tisa, na wiki mbili baadaye akanipigia simu akiitaka. Kwetu mtu hadai alichokwisha kutoa kwa mkono wake. Nilikaa nikijiuliza nimemkosea nini. Sufuria yenyewe ni ya kulisha watu sitini. Ndiyo iliyopikiwa kila kipaimara na kila msiba wa Watanzania wa kaskazini ya London kwa miaka kumi na tisa. Siku aliyonipa nilijua kwamba anahama, maana mtu hagawi chombo kama kile akiwa bado ana nia ya kupika. Lakini sikumuuliza. Safari haitangazwi, na sisi ni mabingwa wa kutoitangaza. Utajua mtu kahama ukiona picha yake akiwa ameshafika.

Basi Jumamosi ya tarehe kumi na nane Oktoba nikapanda treni mbili kutoka Woolwich mpaka kwake Edmonton na sufuria mapajani, nimejaa hasira, na abiria wakinitazama kana kwamba naenda kuuza uji. Mimi naitwa Lilian. Nafanya kazi ofisi ya nyumba za halmashauri, na baada ya misa ya Kiswahili ndiye ninayewasomea watu barua zao za serikali. Nimezoea kuwa mtu anayejua. Siku ile nilirudi nyumbani najua kidogo kuliko nilivyokwenda.

Mama Haika alifungua mlango, akaangalia sufuria, akaniangalia mimi.

"Sufuria ndiyo niliyoagiza," alisema. "Huo uso umeuleta wa nini?"

Jina lake Sesilia. Ana miaka sitini na tisa, mwembamba, mzaliwa wa Marangu, binti wa karani wa mizani wa chama cha ushirika cha kahawa. Alikwenda Marekani akiwa na miaka thelathini na kitu, akafanya kazi Minnesota miaka kumi na miwili katika nyumba ya kutunzia wazee, akapata uraia, akamzaa Haika. Kisha marehemu mumewe, Protas, akapata kazi London, naye akamfuata. Hapa akaendelea na kazi ileile, safari hii akizunguka kwa mabasi nyumba hadi nyumba, kuwaogesha wazee na kuwapa dawa. Haika alirudi Marekani kusoma, akabaki huko. Mtoto ni huyo mmoja tu.

Nilikataa chai, halafu nikainywa. "Mama, niambie tu. Nimekukosea nini?"

"Hujanikosea, mwanangu. Ni kwamba siendi tena."

"Huendi wapi?" niliuliza, nikijifanya sijui.

Ndipo akasema yote. Haika alikuwa amemwandalia chumba. Tiketi ilikuwa bado, lakini moyo ulikuwa umeshafunga mizigo. Halafu mfanyakazi mwenzake Haika akauliza swali moja: mama ana Medicare? Hiyo ni bima ya afya ya wazee ya Marekani. Mtu akikaribia miaka sitini na mitano anafunguliwa mlango wa kujiandikisha kwa miezi saba: mitatu kabla ya mwezi wake wa kuzaliwa, mwezi wenyewe, na mitatu baadaye. Sehemu ya hospitali anaipata bure kwa miaka yake ya kazi kule. Sehemu ya madaktari, wanayoiita Part B, inalipiwa kila mwezi, na aliyechelewa anaongezewa asilimia kumi kwa kila mwaka mzima aliochelewa. Nyongeza hiyo haina mwisho. Atailipa muda wote atakaokuwa na bima hiyo.

"Miaka minne, Lilian. Arobaini kwa mia, mpaka nife. Nilipofika sitini na tano wala sikujua kama kuna mlango. Nilikuwa Edmonton, natibiwa bure na NHS ya serikali, bima ya Marekani ningeitafutia nini?"

"Haika anasemaje?"

"Anasema atalipa yeye. Nikamwambia, mimi nimeona wazee waliogeuka mzigo kwa watoto wao. Nimewaogesha. Nimesikia yanayosemwa mlangoni wakidhani mzee kalala. Na figo zangu hizi unazijua. Siendi."

Alisema hivyo huku akifuta meza isiyokuwa na uchafu. Nilitazama ile nyumba: ghorofa ya tatu, lifti mbovu, picha ya Protas ukutani, viti vinne na mtu mmoja. Ningekuwa mtu mwenye subira ningemshika mkono. Badala yake nilimpandishia sauti.

"Sasa kwa nini hukuniambia? Kutwa nzima nasomea watu barua za kodi ya takataka, wewe una jambo kama hili unalikalia! Mficha uchi hazai, mama!"

Methali ile kumwambia mtu wa umri wake si adabu, najua. Yeye alicheka. "Mimi nimeshazaa," alisema. "Tafuta nyingine."

Nikatoa simu nikaanza kusoma masharti, yale ya maandishi madogo ambayo watu huyaruka. Nilipofika katikati nikasimama. Nilirudia mara tatu. Palikuwa na kipengele cha watu waliokuwa bado wanafanya kazi katika nchi ambayo serikali yake inatibu watu. Mtu wa namna hiyo hahesabiwi kuwa amechelewa. Akiacha kazi ndipo anapofunguliwa mlango wake mwenyewe, miezi minane, bila adhabu yoyote.

"Mama," nilisema. "Uliacha kazi lini?"

"Januari. Tarehe thelathini, siku waliyonikatia keki ofisini."

Nilihesabu kwa vidole kama mtoto wa darasa la kwanza. Februari, Machi, Aprili, Mei, Juni, Julai, Agosti, Septemba. Minane. Mlango ulikuwa umefungwa siku kumi na nane zilizopita.

Mama Haika alizitazama zile sekunde zikipita usoni kwangu, hakuhitaji kuambiwa. "Chelewa chelewa utamkuta mwana si wako," alisema taratibu, na safari hii hakucheka.

Hapo ndipo hasira yangu iliponigeukia. Alinipa sufuria mwezi wa tisa. Mwezi wa tisa mlango ulikuwa wazi! Nilijua anahama, nikanyamaza, nikajisifu moyoni kwamba nina adabu. Neno moja tu, "Unakwenda wapi, mama?", lingetosha. Yeye alificha, mimi nikamsaidia kuficha.

Kwa sababu sikuwa na la kufanya, nikasema tukusanye angalau karatasi zake za kazi. Ile kampuni ya utunzaji iliyomwajiri ilishafungwa wakati wa kiangazi na hakuna tena wa kumsainia chochote. Akaingia chumbani, akarudi na makopo ya biskuti, moja baada ya jingine, mpaka meza ikajaa. Kumi na tisa. Kopo moja kwa kila mwaka.

"Baba yangu alikuwa akisema, mali bila daftari hupotea bila habari," alisema, kana kwamba anaomba radhi.

Nilifungua kopo la kwanza. Karatasi za mshahara zilikuwa zimepangwa kwa miezi, zimefungwa kwa uzi. Chini yake palikuwa na daftari la shule lenye mistari, na ndani yake mwandiko mdogo ulionyooka. Kila siku. Nasema kila siku! Jina la mtu, saa ya kuingia, saa ya kutoka, na neno moja au mawili. *Bi Doris. Saa mbili hadi saa tatu. Alikula. Bwana Pettit. Saa tatu na nusu hadi saa nne. Alikataa dawa, akaikubali. Bi Doris. Alicheka.* Na mahali pengine palikuwa na msalaba mdogo: *Bi Doris. Nilimfumba macho.*

Nilifungua la pili, la tano, la kumi na moja. Chai ilipoa. Miaka kumi na tisa ya wazee wa London ilikuwa mezani, mamia ya watu, kila mmoja na jina lake na kama alikula. Wengine nadhani hawakuandikwa mahali pengine popote na mkono wa mtu aliyejali kama walicheka. Mimi kazini naandika namba za maombi, mia kwa wiki, na siwezi kukutajia jina moja la jana. Nilimtazama yule mama mwembamba aliyekuwa akitafuta kijiko, nikaona kwamba miaka yote nilikuwa nimekaa karibu naye kanisani bila kujua nimekaa karibu na nani.

"Uliandika ili iwe nini, mama?"

"Isiwe kitu. Mtu akipita mikononi mwako, unamwandika. Baba aliandika kahawa, mimi nikaandika watu."

Nikachukua kopo la mwisho, la mwaka huu, ambalo lilikuwa jepesi. Daftari lilifika tarehe thelathini Januari, *keki*, halafu nikapindua ukurasa nikitegemea weupe. Haukuwa mweupe. *31 Januari. Mzee Gurdial. Saa moja hadi saa kumi na mbili. Uji vijiko vinne.* Kesho yake tena. Keshokutwa tena. Karibu wiki tatu nzima, kurasa zimejaa, mpaka tarehe kumi na tisa Februari na msalaba wake.

"Mama Haika, hii ni nini?"

Aliinama kutazama. "Aa, hiyo. Hiyo achana nayo, haikuwa kazi."

"Haikuwa kazi, halafu saa moja hadi saa kumi na mbili?"

Mzee Gurdial alikuwa Singasinga wa mtaa wa Kingsbury, fundi magari aliyezaliwa Moshi. Ugonjwa ulipomzidi Kiingereza kilimtoka chote, akabaki na Kipunjabi na Kiswahili. Watoto wake Kiswahili hawakijui. Usiku alikuwa anaongea na mkewe aliyekufa, kwa Kipunjabi, na mchana alikuwa anaita vijana wa gereji wampe spana, kwa Kiswahili, na akikosa wa kumjibu analia. Mwanawe Avtar akaiomba kampuni imwachie Mama Haika wiki chache zaidi.

"Nilishaagwa, nikala na keki," alisema. "Kazi ilikwisha siku ile. Yule baba nilikuwa namsindikiza tu. Mgeni akiondoka, si unamtoa mpaka barabarani? Utaiita kazi hiyo?"

"Kampuni ilikulipa?"

Akanyoosha mkono, akapindua ukurasa wa mwisho wa daftari. Palikuwa na bahasha yenye jina la kampuni. Haikuwa imefunguliwa.

"Nilijua wameweka hela benki. Sikutaka kusoma wameandika kiasi gani kwa ajili yake."

Niliichana. Ndani yake palikuwa na karatasi ya mshahara wa Februari, na nyuma yake ile karatasi ambayo kila mfanyakazi wa nchi hii hupewa anapoondoka, P45. Tarehe ya mwisho ya kazi: kumi na tisa Februari.

Nilihesabu tena, kwa sauti, na Mama Haika akahesabu nami. Machi. Aprili. Mei. Juni. Julai. Agosti. Septemba. Oktoba.

"Leo tarehe ngapi?" aliuliza, ingawa alijua.

"Kumi na nane. Zimebaki siku kumi na tatu."

Hapo nililia, sioni haya kusema. Mimi ninayejua fomu zote nilikuwa nimeshaufunga ule mlango. Waliouzuia usifungwe ni mzee aliyekuwa akiita spana, na mwanamke aliyekaa pembeni yake akijibu, "Haya, fundi, hii hapa." Hakufanya vile ili apate lolote. Sheria ya watu wa mbali, iliyoandikwa na watu wasiomjua, ilizikuta zile wiki tatu na kuziita kazi.

Tulijaza fomu mpaka giza likaingia. Alinilazimisha nile ndizi na nyama. Jumatatu nilipiga simu kwenye ofisi inayoshughulikia wastaafu wa Kimarekani walioko hapa, nikaeleza, nikaulizwa, nikaeleza tena. Jumatano karatasi zote zilikuwa mikononi mwao na nina risiti. Sufuria ilibaki jikoni kwake, wala sikuigusia.

Jibu lilikuja wiki ya kwanza ya Desemba. Alinipigia nikiwa kazini, akanisomea mwenyewe, pole pole, neno kwa neno, kwa Kiingereza chake cha Minnesota. Bima ilikuwa imeanza tarehe moja Novemba. Adhabu ya kuchelewa: hakuna.

"Sasa unaondoka lini?" niliuliza papo hapo, kwa sauti kubwa, mbele ya ofisi nzima.

"Lilian! Safari haitangazwi," alisema, akakata simu.

Sikuambiwa siku. Katikati ya Januari nilirudi kutoka kazini nikakuta sufuria mlangoni kwangu, imesuguliwa mpaka inang'aa, na mfuniko wake juu. Ndani yake palikuwa na daftari la mwaka uliopita, lile la mwisho. Nililifungua palepale kwenye ngazi, na koti mwilini. Baada ya msalaba wa Mzee Gurdial palikuwa na kurasa tupu, halafu siku moja peke yake, kwa mwandiko uleule.

*18 Oktoba. Lilian. Saa nne hadi saa moja usiku. Alikuja na hasira. Alilia. Alikula.*